Kiraka

Nguo haimdanganyi fundi.
Chini ya jukwaa la uwanja wa besiboli, Buffalo,
katika chumba chenye mashine sita
na dirisha linaloonyesha viatu vya wapita njia,
sikuwahi kumuuliza Wendell Tharp jana alicheza wapi.
Magoti ya udongo mwekundu: kituo cha pili.
Nyonga ya kijani: walimtupa kushoto kabisa, nyasini,
akaufuata mpira kwa tumbo.
Chokaa begani: alijaribu kuingia nyumbani, akanaswa mlangoni.
Na jezi safi, maganda ya alizeti mfukoni:
benchi.
Hizo ndizo nilizofua zaidi.
Nilizifua kwa sabuni ileile.

Kwetu Uvira, kwenye soka,
mtu wa namna yake tulimwita kiraka.
Beki akiumia, yeye. Winga akifungiwa, yeye.
Kipa akikosa nauli, yeye pia.
Nilimwambia neno hilo mwezi wa Aprili,
theluji bado imekalia viti vya juu,
suruali yake ikiwa chini ya sindano yangu.
Nikamwonyesha: hiki hapa. Kiraka.
Alicheka hadi akakohoa.
Kesho yake nikaliona limeandikwa kwa wino
kwenye glavu zake zote nne:
ndefu ya nyasini, fupi ya udongoni,
pana ya kituo cha kwanza,
na ile ya mdakaji, nene kama mto wa kulalia,
aliyoipaka mafuta kila Jumapili
na kuivaa labda mara mbili kwa mwaka.
Alikosea herufi moja. Sikumsahihisha.

Mtaka yote hukosa yote, wanasema.
Huyu hakutaka yote. Alipewa.
Alichotaka ni kipande kimoja cha ardhi,
kama kijana Esquivel, aliyesimama kila jioni
kati ya kituo cha pili na cha tatu
akipachapa kwa kiatu kama mwenye hati ya kiwanja.
Wendell alikuwa mpangaji wa uwanja mzima.
Kodi alilipa kwa magoti.

Ligi kuu ilimwita mara moja, ana miaka thelathini na mmoja.
Toronto, siku kumi na moja.
Alivuka daraja na begi na glavu zake.
Siku tisa alitafuna alizeti.
Ya kumi, timu imeachwa kwa mikimbio kumi na miwili,
wakampa mpira arushe,
maana warushaji wa kweli walikuwa wakitunzwa kwa kesho.
Akawatoa watatu.
Ya kumi na moja nilisikia mluzi koridoni.
Ameniletea soksi.
"Hizi," akasema, "usizitie kwenye mashine."

Kisha ikaja Jumanne ya Agosti.
Mlango wa kocha ulifungwa dakika nne,
nilihesabu kwa kola za kupigwa pasi.
Aliingia, akavua shati,
akalitia kwenye kapu la nguo chafu.
Lilikuwa safi.
Tulitazama mashine ikizunguka, mimi na yeye,
mpaka ikasimama.

Kufumua jina ni kazi yangu pia.
Wembe, mwanga, subira.
Nilianza na P, nikarudi nyuma hadi T.
Miaka mitano ya jua ilikuwa imepausha kitambaa chote
isipokuwa mahali pa herufi,
kwa hiyo nilipomaliza
jina lilikuwa pale pale, limekoza kuliko mwanzo.
Mkuu wa vifaa akaliinua kwenye taa.
Kutoka jukwaani, akasema, halitaonekana.
Akalipeleka kwa mvulana wa miaka ishirini.

Januari simu ililia.
Yuko Erie, duka la vifaa vya ujenzi.
Upande gani, nikamuuliza. Rangi? Mbao? Mabomba?
Kicheko, halafu kile kikohozi.
Nyuma yake kipaza sauti kikakwaruza,
mtu akaita jina lake, mara moja, halafu tena.
"Ngoja kidogo," akasema.
Nikangoja.
Pasi ilikuwa bado haijapata moto.